Mustari ya Pili

Butembo, Bulengera, siku ya ine

Kwako Yaya Florentine, dada yangu mukubwa,

Nakusalimia kwa heshima yote, wewe mwenye ulinilea kisha mama kufariki. Natumaini hii barua itakukuta umeamuka, umekula hata kidogo, na mugongo inakuacha uiname mu shamba. Shemeji Malachie na kifua yake, iko namna gani? Batoto babili benye balibakia mu nyumba banaenda ku masomo, ao njia imefungwa tena? Mimi huku niko. Sisemi niko muzuri, nasema tu niko.

Utashangaa kuona karatasi wakati simu iko. Yaya, maneno ya simu mutu anaweza kuyafuta, na mwingine anaweza kusema haikuwa sauti yangu. Karatasi yenye sahihi yangu hakuna mutu ataikana, hata mimi mwenyewe. Kahongya, ule wa biashara ya kakao, anapanda mu convoi ya magari kesho asubui, atakutilia barua mu mukono. Naomba siku ya posho, kesho kutwa, uisome mbele ya barza, ule mukutano ya bazee, tangu juu mpaka chini. Njo maana nitaeleza hata mambo yenye wewe unajua, juu kati ya bazee kuko benye habajui ninafanya kazi gani huku.

Shemeji Malachie alitoka mu kijiji mpaka kwenye sauti ya simu inapita, akanipigia siku ya kwanza. Alisema siku ya posho barza itaikaa juu ya Éliakim, ule motard wa pikipiki ya bagonjwa, na neno ya kukata ni moja: bamufukuze mu kijiji ao bamutie mu mikono ya baaskari. Alisema bamotard benzake bamemutosha, bamemufukuza mu parking yao ya pikipiki, na ku soko bamekataa kumuuzia mama yake chumvi. "Shemeji, hii mambo tunaimaliza," alisema, na sauti yake ilikuwa na nguvu kama zamani, mbele ya kifua kumushika. Nilisema réseau, mutandao ya simu, ni mubaya, nikakata. Réseau ilikuwa muzuri.

Bazee, Éliakim hakukataa kuja. Nasema hiyo ya kwanza, juu kama barua inapasuka mu njia, hata kipande cha juu kifike. Sasa nieleze namna gani najua.

Ile siku ya Séphora, mutoto yako Yaya, mimi noko yake, mujomba, sikukuwa kule. Nasema vile niliambiwa. Uchungu ya kuzaa ilimushika asubui, na bwana yake Précieux akamufikisha ku poste ya afya. Saa ine damu ikaanza kutoka kwa wingi. Munganga Abigaïl akaona hiyo kazi imepita mikono yake, akatwaa simu ya muradi wa afya, akabonyeza kuita moto, ile pikipiki yenye inabeba bagonjwa. Simu ikaonyesha alama ya kijani: imepokelewa. Akamwambia Précieux atulie, Éliakim ameshapokea, anakuja. Saa tano akabonyeza tena. Kijani. Saa sita, kijani. Kuita kwa sauti haikuwezekana. Munajua kule kwetu sauti haipiti, ni maandiko tu yanapita. Saa saba Précieux akashindwa kungoja, akakimbia kwa miguu mpaka ku parking. Akakuta Éliakim ameikaa juu ya moto yake, anacheza dame, ule muchezo ya kete, na benzake, anacheka. Éliakim akaacha dame pale pale, akakuja na mbio yenye hakuna mutu alishamuona nayo. Mais Séphora alimalizika mu njia, mbele ya kufika ku hospitali, na mutoto yake mu tumbo.

Toka pale maneno yakapanda. Batu balikumbuka kama Éliakim njo alimuposa Séphora wa kwanza, na sisi tukarudisha mbuzi zake juu bao ni baprotestanti. Balisema alilipiza. Balisema alicheza dame na wito mu mufuko. Yeye alijibu maneno moja: "Simu yangu haikulia." Mzee Kitsa akamuambia mbele ya wote, "Mutoto, mashine haijaposa binti ya mutu. Itadanganya juu ya nini?" Na batu bakacheka, hata mu kilio bakacheka.

Kisha barza ya kwanza ikataka simu ijaribiwe. Abigaïl akabonyeza mbele ya macho ya wote, na simu ya Éliakim ikalia mu mufuko ya koti yake. Shemeji Malachie alinieleza kama Éliakim aliitosha, akaiangalia kama mutu mwenye amekuta nyoka mu sahani. "Ile siku haikulia," alisema tena. Mama moja akamutupia maganda ya ndizi. Hiyo siku njo mambo yake iliharibika kabisa, na hiyo siku nitairudilia.

Sasa kazi yangu. Niliacha masomo mu mwaka ya tatu ya secondaire, wakati baba alikufa. Ni mwaka ya ine niko hapa Butembo. Asubui nabeba matofali ku Vulamba, kwenye banajenga nyumba ya étage, ya gorofa. Mabega yangu imekuwa na ngozi ngumu kama ya nyayo. Saa saba natelemuka kwa miguu mpaka Bulengera, mu atelier ya Papa Syauswa, kwenye banatengeneza programu za simu. Mwanzo nilifagia, nilichota maji, niliwasha groupe, ile jenereta, wakati courant inakatika. Kisha Sophie akaniona nasimama nyuma yake naangalia. Sophie ni binti mwenye amesoma informatique, ni mudogo kwangu kwa miaka, mais ku kazi njo mukubwa yangu. Aliniambia, "Wewe fundi ya matofali, ikaa. Hii pia ni kupanga moja juu ya ingine, na ikianguka haivunje muguu ya mutu." Basi nikaikaa. Nilijifunza pole pole, kwa kidole moja. Yaya, ilikuwa kitu ya kwanza mu maisha yangu yenye haikuumiza mugongo.

Ile programu ya kuita moto ilitengenezwa mu atelier yetu. Munganga anabonyeza, wito inaenda ku serveur moja, mashine ya kupokea na kutuma, yenye iko Beni, na serveur inaliza simu ya motard mwenye zamu. Mais programu haianzie mu simu. Sophie anaandika maneno mengi mu mashine, ile kompyuta, kisha kuko chombo yenye inakusanya yale maneno yote na kuyajenga kuwa kitu moja ya kutia mu simu. Na kila mashine ya atelier iko na fichier moja kidogo, faili ya réglages, ya mipangilio yake peke, yenye haigawanywi na mashine ingine. Sophie alinieleza hivi: kila mama anajua mu jiko yake chumvi iko wapi, ukienda kupika kwa jirani, usinyooshe mukono kwenye chumvi yako inaikaaka.

Mu ile fichier yetu mistari ya maana ilikuwa mbili. Ya kwanza inaambia chombo: vifaa ya kujengea iko mahali fulani mu hii mashine. Ya pili inasema: programu yenye itatoka itapeleka wito wapi. Mu mashine ya Sophie mustari ya pili ilisema serveur ya Beni, ile ya kweli. Mu mashine yangu ilisema sanduku ya majaribio, juu mimi nilikuwa najifunza, na hawakutaka wito ya muchezo isumbue bamotard. Hiyo sanduku iko ku mutandao, na hakuna mutu anaifungua, ni mashine yangu peke njo inaifungua. Mais wito ikiingia mule, simu ya mwenye ametuma inaonyesha kijani vile vile, juu ni kweli, sanduku imepokea.

Papa Syauswa aliogopa sana hiyo mambo ya mashine kuchanganya réglages. Donc alitia sheria. Mbele ya kujenga programu ya simu zenye zinaenda mu vijiji, mutu moja asome fichier kwa sauti, mustari kwa mustari, na mwingine asimame nyuma yake, aangalie, aitikie "ndiyo." Sophie na mimi tuliita hiyo litania. Mimi nasoma, yeye badala ya "ndiyo" anaitikia "utuombee," na Papa Syauswa, mwenye ni shemasi ku kanisa yake, anatuangalia juu ya miwani na kusema, "Bakatoliki, munacheka, mais someni."

Mu mwezi ya tatu, kulikuwa simu ine za kutengeneza, moja ya poste ya kwetu. Zilipashwa kwenda na convoi ya ile siku. Kama hazikwenda, zingengoja majuma, juu njia ilikuwa mubaya. Papa Syauswa alikuwa Beni. Sophie alikuwa ku kitanda na malaria. Mashine yake ilikataa kuwaka, batterie imevimba. Nilimuita ku simu. Alisema na sauti ya mugonjwa kama fichier yake iko pia ku clé USB mu tiroir ya meza, niitie mu mashine yangu, nijenge kule.

Nilitia. Chombo ikakataa kujenga. Iliniambia vifaa haiko kwenye mustari ya kwanza inasema. Bien sûr haiko: ile mustari ilikuwa ya mashine ya Sophie, na mimi nilikuwa natafuta chumvi mu jiko ya mutu. Dereva alikuwa ku mulango anapiga honi. "Muyisa, convoi haingojake bibi arusi, itangoja wewe?" Asubui ile nilikuwa nimepandisha matofali mpaka étage ya pili, na nilikuwa nimechoka. Kazi ya kufanya ilikuwa ndogo: kutengeneza mustari ya kwanza, kuacha ya pili ya Sophie vile iko. Mimi nilifanya ingine. Nilitosha fichier yote ya Sophie, nikarudisha fichier yangu yote, nikisema mu roho, ijenge kwanza, nione kama inajenga. Ikajenga. Nilifurahi sana, Yaya. Nilifurahi kama mutu mwenye amefungua mulango kwa funguo ya kwanza. Nikatia programu mu simu zote ine, nikabonyeza moja kujaribu, kijani ikatokea, nikazifunga mu carton, nikampa dereva.

Sikusoma litania. Nilikuwa peke, hakukuwa mutu ya kuitikia, na niliona haya kusomea ukuta.

Siku kumi na mbili kisha pale, Séphora akashikwa na uchungu.

Wito zote tatu za Abigaïl zilikuja kwangu. Saa ine, saa tano, saa sita. Ile saa mimi nilikuwa ku Vulamba na matofali ku bega, na mashine imefungwa mu atelier. Nilizikuta siku mbili kisha mazishi, wakati nilifungua sanduku kufanya muchezo yangu ya kujifunza. Jina yake ilikuwa imeandikwa vizuri, Séphora, miaka makumi mbili na moja, damu, haraka. Mara tatu. Hakukuwa jina ya mutu mwingine mule ndani. Hiyo njo ukubwa ya shukrani yangu yote: hakukuwa jina ya mutu mwingine.

Kama ningeandika ile siku, hii ingekuwa barua ya kosa, na mutu anakosa. Mais sikuandika. Sasa nasema yenye iko ngumu kupita.

Unakumbuka nilifika kwenu siku ya sita ya kilio. Ulinishika shingo, ukalia, ukasema Mungu amekuletea kaka. Mu sac yangu nilikuwa na programu nyingine, yenye nilijenga na mustari ya pili ya kweli. Nilimuambia Abigaïl anipe simu ya poste niiangalie, naona iko pole. Nilienda nayo nyuma ya nyumba yako, kwenye bamama balikuwa banapika lengalenga, mboga ya bageni, na kwa dakika kumi nikaondosha programu yangu mubaya, nikatia ile ya muzuri. Ulipita na sufuria, ukaambia bamama, "Muyisa wangu hata mu kilio anasaidia batu." Zile simu tatu zingine niliagiza zirudi Butembo kisha, nikisema ni mise à jour, kuzitia programu mupya. Hakuna mutu aliuliza.

Sikutengeneza juu ya kusaidia. Nilitengeneza juu ya kufuta. Na bazee, wakati mulijaribu simu mbele ya barza, na ikalia mu mufuko ya Éliakim, mulijaribu programu yenye nilitia kisha Séphora kuzikwa. Ile yenye ilimuua hamukuiona, juu nilikuwa nimeshaitosha. Ule ushuhuda wenye mulimukatia nao, ni mimi njo niliutengeneza.

Ingine moja, na kisha nimemaliza. Mbele sijarudi Butembo, Éliakim alinifuata ku muto. Hakuja na hasira. Alinipa simu yake kwa mikono mibili, kama mutu anampa padri kitu. Alisema, "Noko ya Séphora, wewe unajua hizi mambo. Angalia ndani. Kama ilipokea na mimi sikusikia, uniambie, nijue niko mutu ya namna gani. Siwezi kulala." Nilitwaa ile simu. Niliifungua, nikajifanya natafuta. Nilijua hakuna kitu mule. Nilimuambia, "Mashine haisahauke." Alisema merci. Yaya, alinishukuru. Toka pale alianza kuamini kidogo kama labda alisikia na akasahau. Shemeji Malachie aliniambia kama kisha ile barza ya kwanza alianza kusema, "Labda ililia," na batu bakaona amekubali.

Siku ya pili ya hii juma nilimuambia Sophie. Hakupiga kelele. Aliuliza tu nani aliniitikia ile siku. Nilisema hakuna. Akasema kosa ya clé ni yake pia, angenikumbusha mustari ya kwanza. Kisha akasema, "Mais ya ku muto, Muyisa, hiyo ulikuwa na macho wazi." Hajaongea na mimi tena isipokuwa mambo ya kazi. Zile wito tatu sikuzifuta. Ziko mu mashine, na Sophie amezichapisha ku karatasi. Nimezikunja pamoja na hii barua. Bazee baangalie saa. Kama banataka mashine yenyewe, Sophie amesema ataileta. Papa Syauswa nitamuambia kesho, na najua sitaingia tena mu ile atelier. Matofali haiulizake mutu alifanya nini.

Mimi sitakuja siku ya posho. Nasema kweli yote, basi na hii: naogopa. Naogopa Précieux, na naogopa uso yako kupita ya Précieux.

Nilikuwa nimefika hapa, natafuta maneno ya kufunga, wakati Kahongya alipita kutwaa barua. Alikuwa na habari ya kwenu. Éliakim hayuko tena. Aliondoka juzi asubui. Aliacha simu juu ya meza, na funguo ya moto kando yake, na mama yake alifikiri ameenda kuoga. Bamoja banasema alifuata njia ya machimbo ya zahabu kule Ituri, bengine banasema bamemuona akiingia mu pori, kwenye mutu haingiake peke. Hakuna mwenye anajua. Kahongya alisema barza itaikaa kidogo tu, juu kwa kukimbia amejihukumu mwenyewe. Akaniuliza kama bado natuma barua. "Ya nini tena?" alisema. "Hii mambo imeisha."

Niliikaa na kalamu mu mukono. Nikajua kama ningetuma juma yenye ilipita, ingemukuta.

Nimemuambia Kahongya aibebe. Yaya, isome siku ya posho hata kama hakuna mutu ya kuokoa. Mbele ya kuisoma kwa bazee, enda kwa mama yake, Mama Jokébed. Usimusomee ku mulango kama batu ya habari. Uingie, uikae chini. Kama anakufukuza, ukubali. Kama anakuachia, umuambie mutoto yake alisema kweli toka siku ya kwanza, na wakati alianza kusema "labda," ni mimi nilimutilia hiyo neno mu kinywa.

Sikuombi unisamehe. Hata sijui kuomba hiyo ni kwa maneno gani.

Nisalimie Shemeji Malachie kama atakubali salamu yangu. Nisalimie batoto babili. Ubaambie noko yao iko na kazi nyingi. Munganga Abigaïl umuambie hakukosa kitu, aliona kijani na akaamini, njo vile tulimufundisha. Précieux simutumie neno. Mungu akushike mukono mu hizi siku, wewe mwenye ulinishika wangu.

Mudogo yako wa tumbo moja,

Muyisa Luc